Unataka kuwa edita wa TV? Anza na masikio, efekti zitakuja

Kila baada ya siku chache napata meseji ya kijana, "kaka nishauri laptop ya kuanzia kuediti", na mimi huwa namrudishia swali, una hedifoni? Wengi hapo wanaona nawazingua. Ila nimekaa kwenye chumba cha kuediti miaka kumi na moja sasa, hapahapa Dar, habari, vipindi, tamthilia, matangazo, na kabla ya hapo harusi na sendofu zisizohesabika, na kitu nilichokuja kukielewa ni kwamba watu wetu TV wanaisikiliza kuliko wanavyoiangalia. Mama yuko jikoni anasonga ugali, TV iko sebuleni. Saluni kinyozi anakata nywele mgongo kaupa skrini. Kibanda cha chipsi ndo usiseme. Taarifa ya habari ya saa mbili usiku nusu ya nchi inaipokea kwa masikio huku mkono uko kwenye sahani, kwahiyo kama sauti yako inaruka, inazama, inakatwa katikati ya neno, hao watu wote umewapoteza hata kama picha zako zinang'aa kama za Marekani.

Sasa nitakueleza jinsi ya kuingia na kubaki kwenye hii kazi, kwa mpangilio ninaoujua mimi, sio wa darasani.

Kwanza ujue unaingia wapi

Televisheni ya Zanzibar ilianza mwanzoni mwa miaka ya 70, tena kwa rangi, ila huku bara tulikaa mpaka 1994 ndo vituo binafsi vikaanza kurusha. Maana yake maedita wa mwanzo wa bara wengi bado wapo, na ukibahatika kukaa na mmoja wao usimuachie. Mimi nilimpata mzee mmoja alianzia kwenye tepu za Betacam, mashine mbili, moja inacheza nyingine inarekodi, shoti moja baada ya nyingine kwa mpangilio. Ukifika dakika ya tatu ukagundua shoti ya mwanzoni haifai na ya kuziba nafasi yake ni ndefu zaidi, unalaza upya kila kitu kuanzia hapo. Yule mzee alikuwa anaweza kukaa na peni na karatasi nusu saa hajagusa kibodi, sisi vijana tunachekana pembeni, alafu anakata mara moja tu, saa moja na nusu kashachukua begi lake anawahi daladala, sie na kompyuta zetu bado tunatoa jasho mpaka mtangazaji anasema "hamjambo na karibuni".

Dar analojia ilizimwa tarehe 31 Desemba 2012, ving'amuzi vikaingia majumbani, chaneli zikaongezeka, zikaja na chaneli zinazonunua tamthilia za Kiswahili mfululizo, na hapo ndo kazi ya edita ikapanuka. Zamani ukisema edita ni edita wa habari. Saivi kuna wa habari, wa vipindi, wa promo zile za sekunde 30, wa michezo, wa tamthilia, na kuna anayefanya vyote kwa mshahara mmoja, huyo ni wewe mwanzoni.

Kudampu, yaani pale kazi inapokufa kabla haijazaliwa

Kazi ya kwanza watakayokupa ukiingia fildi ni kupokea kadi kutoka kwa kameramani na kushusha futeji, yaani video mbichi, kwenye kompyuta. Inaonekana ya kitoto. Mimi ndo iliyotaka kunitoa kwenye fani.

Timu ilikuwa imetoka Kilwa, siku tatu, mahojiano na wavuvi, magofu, machweo, kila kitu. Nikachomeka kadi, nikaburuta folda, nikaenda kula. Umeme ukakatika, jenereta ikawaka, kompyuta ikajiwasha, narudi nakuta folda lipo kwenye hadidiski na majina ya mafaili yote yapo. Nikaridhika. Kameramani anataka kadi yake ana safari nyingine jioni, nikaformati, yaani nikaifuta yote, nikampa. Kesho yake prodyuza anakaa pembeni yangu tufungue mzigo, kilipu ya kwanza inafunguka, ya pili inafunguka, ya tisa haifunguki, kuanzia hapo mafaili yana majina tu ndani hayana kitu. Sitaki kukumbuka nilivyoitwa ofisini. Kituo chenyewe sikitaji, walinivumilia.

Tangu siku hiyo utaratibu wangu haubadiliki hata bosi awe amesimama mgongoni. Nahesabu mafaili kwenye kadi na kwenye hadidiski, idadi lazima ilingane. Nalinganisha ukubwa, sio kwa gigabaiti za kukadiria, mpaka baiti ya mwisho. Nafungua kilipu ya kwanza, ya katikati na ya mwisho, naburuta mpaka mwisho wa kila moja. Alafu nakopi hadidiski ya pili. Kadi haiformatiwi mpaka kopi mbili ziwepo, na anayeformati ni kameramani mwenyewe, ndani ya kamera yake, baada ya mimi kumwambia kwa mdomo "tayari". Na ujue hesabu ya nafasi mapema: kamera ya TV inayorekodi kwa megabiti 50 kwa sekunde inakula gigabaiti 22.5 kwa saa moja, kwahiyo timu ikitoka mkoani na masaa kumi ya futeji hapo umeshaaga gigabaiti 225, zidisha mara mbili.

Folda lipe jina lenye tarehe, mahali na namba ya kadi. Mfano 2024-04-12_Jangwani_Kadi01. Ukiandika "mpya", "mpya2", "fainali", "fainali kabisa", "fainali ya mwisho bosi", siku utakayoumwa hakuna mtu atakayeweza kukushikia, na edita ambaye hawezi kushikiwa anapigiwa simu akiwa msibani.

Kuna kimtego kimoja cha kwetu sisi Waswahili, sijawahi kukiona kwenye mafunzo yoyote ya YouTube. Kamera nyingi za habari taimukodi yake, ile saa inayoandikwa kwenye futeji, inasetiwa ifuate saa ya siku, kwahiyo kitu kilichorekodiwa saa nne na robo asubuhi kwenye skrini kinasoma 10:15. Ripota anaandika kwenye kidaftari chake "baiti nzuri ya mama, saa 4:15" (hapa baiti ni kipande cha maneno ya mtu, sio zile za kompyuta). Edita mgeni anaitafuta 04:15, haipo, anasema futeji haijaja, vurugu inaanza chumba kizima. Kubalianeni mapema mnaandika saa ya Kiswahili au ya kamera. Mimi nawaambia maripota waandike kile wanachokiona kwenye kamera, basi.

Tukae na stori moja tuikate

Chukua siku ya mvua. Ripota karudi kutoka kwenye mafuriko ya Jangwani saa kumi na moja na nusu jioni, viatu vina tope, futeji dakika 47, stori inatakiwa dakika mbili, taarifa saa mbili kamili. Unafanyaje?

Usikate. Vaa hedifoni usikilize mahojiano yote kwa haraka, unaandika tu. Futeji ya mahojiano unaisikiliza, futeji ya mazingira unaiangalia bila sauti kwanza, alafu unarudia kusikiliza ile yenye sauti nzuri ya mazingira, maji, ndoo, watu wanaitana. Dakika ishirini zinaenda hapo, roho itakuuma, acha iume.

Mama mmoja kwenye mahojiano anasema hivi: "Yaani tumelala barabarani siku mbili na watoto, mmm, serikali imekuja, imetuona, lakini mpaka saivi hatujapata hata blanketi." Sekunde kumi na mbili. Ripota kwenye voisi ova yake, yale maneno anayosoma juu ya picha, ameshasema watu wamelala barabarani siku mbili, kwahiyo ule mwanzo ni marudio, unautoa. Sasa angalia hatari ilipo. Ukiwa na haraka na unatafuta baiti fupi utakata "serikali imekuja, imetuona", ni sentensi kamili, inasikika safi, na umeshamfanya mama wa watu anayelalamika aonekane anashukuru. Kiswahili kina maneno matatu ambayo kila nikiyasikia natoa mkono kwenye kipanya kwanza: lakini, ila, na isipokuwa. Kinachokuja nyuma yake mara nyingi ndo mtu alichokuja kusema. Na "si", chunga sana "si", ni herufi mbili, fremu (picha mojamoja) nne au tano hivi kwenye taimulaini, ule mstari unaopangia vipande, "si kweli" ikipoteza kipande cha mbele inabaki "kweli" na wewe unabaki na kesi.

Kwahiyo baiti yetu inaanza "serikali imekuja" na inaishia "blanketi". Hapo kwenye "blanketi" ndo nilipotaka tufike. Kiswahili tunatia mkazo silabi ya pili kutoka mwisho, blan-KE-ti, ile "ti" ya mwisho inatoka na pumzi tu, haina nguvu. Kwenye mawimbi ya sauti utaona mlima wa KE alafu kama vile kumekwisha, bonde tupu, na nyuma kuna jenereta linanguruma kwahiyo "ti" imezama kabisa huioni. Edita anayekata kwa macho anakata hapo. Mtazamaji anasikia "hata blanke". Karibu kila mwanafunzi niliyepokea fildi ana huu ugonjwa, kila baiti inaishia na neno lililokatwa mkia, imeangu, tumechele, wanatusaidi. Dawa yake ni kufumba macho kabisa, unacheza, unasikia neno limeisha na mtu amefunga mdomo, unaongeza fremu sita mpaka nane, ndo unakata. Fremu nane ni kama theluthi ya sekunde, haikuli muda.

Katikati pale pana "mpaka saivi" ambayo aliisema kwa kujikwaa mara mbili. Unatoa ile ya kwanza, picha itaruka, kichwa cha mama kitahama ghafla. Unafunika na shoti ya mikono yake anakamua kanga yenye tope. Je shoti hiyo ipo? Ipo kama kameramani anajua kazi, na kama hajui ni kazi yako kumwambia kabla hajatoka, mikono, miguu, kitu anachokitazama, sekunde kumi kila moja bila kutikisika. Kameramani na edita wasiposalimiana asubuhi stori ya jioni inajua.

Baada ya "blanketi" usimwingize ripota papo hapo. Acha sekunde moja ya ndoo inamwaga maji nje ya mlango, sauti yenyewe, alafu voisi ova. Na ile sauti ya ndoo ianze kidogo kabla picha ya mama haijaondoka, sauti inatangulia, picha inafuata. Ukishaijua hii janja moja, stori zako zitaacha kusikika kama mtu anayegonga mihuri.

Ikifika saa moja na nusu ripota anarudi na sura ya kuomba msamaha.

"Kaka, naomba uniwekee na ile ya kiongozi."

"Dada, ile ina sekunde arobaini na hajasema kitu."

"Najua kaka, ila wamesema iwepo."

Unaiweka. Sekunde nane, ile sehemu aliyotaja idadi ya kaya au tarehe ya msaada, kitu ambacho mtu anaweza kumdai baadaye. Usigombane na ripota, yeye katumwa.

Hesabu ndogo utakazoulizwa kwenye intavyuu

TV ya kwetu inaenda fremu 25 kwa sekunde, urithi wa mfumo wa PAL, unaokwenda na umeme wetu wa hezi 50. Simu nyingi zinarekodi 30, tena zinabadilikabadilika kutegemea na mwanga, ukiichomeka moja kwa moja kwenye taimulaini ya 25 sauti na mdomo vinaanza kuachana polepole, dakika ya kwanza huoni, dakika ya saba mtu anaongea kama sinema ya Kichina iliyotafsiriwa. Ibadilishe kwanza iwe 25 isiyobadilika kwa programu kama HandBrake, ni bure, ndo uilete. Na video ya WhatsApp mwambie mtu aitume kama dokumenti, sio kama video, maana ikienda kama video inabanwa mpaka tope la Jangwani linakuwa uji.

Sauti rekodi na miksi kwa 48 kHz. Ulaya tangu 2010 wana kipimo cha ukubwa wa sauti kinaitwa R128, ambacho kipindi kizima kinatakiwa kisimame kwenye -23 LUFS, vituo vingine vinakifuata vingine vina utaratibu wao, kwahiyo kabla hujatuma kazi popote omba karatasi ya masharti ya ufundi. Ukiomba tu hiyo karatasi watakuona mtu mzima. Kipindi cha nusu saa nacho hakiwi dakika 30, kuna matangazo, waulize dakika ngapi na sekunde ngapi na mapumziko mangapi, na ukiambiwa 24:00 leta 24:00, sio 24:07. Kuna vituo vinataka kipindi kianzie taimukodi 10:00:00:00 na kabla yake ziwepo zile rangi na mlio. Usiwaulize kwanini.

Mashine: RAM ya gigabaiti 16, SSD, na ujifunze kuediti kwa proksi, yaani kopi nyepesi za futeji, alafu mwishoni unarudisha zile nzito. Programu: vituo vingi vya huku utakutana na Premiere Pro, sehemu chache Avid, na DaVinci Resolve toleo la bure linatosha kujifunzia na hata kufanyia kazi ya hela. CapCut sina ubaya nayo, ila usiitaje kwenye intavyuu ya kituo. UPS nunua kabla ya monita ya pili, Luku ikiisha kati ya ekspoti hakuna wa kumlaumu.

Kuingia sasa

Vyuo vipo, shule ya uandishi wa habari ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, SAUT Mwanza, TaSUBa Bagamoyo, ukivuka mpaka kuna KIMC Nairobi ya siku nyingi, na MultiChoice mwaka 2018 walianzisha programu yao ya mafunzo pale Nairobi ya kuchukua vijana wa ukanda huu bila ada, ulizia kama bado wanapokea. Cheti kinakufikisha mlangoni. Ila mimi nikimpokea mtu fildi siulizi kasoma wapi, nampa futeji na hedifoni naondoka nusu saa, nikirudi naangalia kitu kimoja, mafolda yake yamekaaje.

Na shule ambayo watu wanaidharau ni harusi. Acha nikwambie. Masaa sita ya futeji, kamera tatu ambazo hazijalingana muda, MC anapiga kelele juu ya muziki, kamati inataka kila mjomba aonekane, bibi harusi anataka aonekane mwembamba, na mteja hajui lugha yako ya kitaalamu hata moja anajua tu "mbona haijanoga". Ukiweza kutoa hapo dakika 40 ambazo mama mzazi anaangalia mpaka mwisho, wewe habari ya dakika mbili itakushinda wapi? Kulinganisha kamera tatu kwa kutumia sauti ya vigelegele nilijifunzia kwenye sendofu moja Mbagala, na mpaka leo kwenye vipindi vya kamera nyingi natumia njia ileile, natafuta mlio mmoja mkali uliosikika kamera zote, napanga hapo.

Showrili yako, yaani mkusanyiko wa vipande vya kazi zako, isizidi dakika moja na nusu. Weka kazi tatu zenye watu wanaongea, sio moshi na herufi zinazoruka. Ukiweza weka na kipande cha kabla na baada, futeji mbichi alafu ulichotoa, maana edita mzuri akifanya kazi vizuri hakuna anayeona alichofanya, usipomwonyesha mtu pale mwanzoni palikuwaje atadhani ilirekodiwa hivohivo.

Ukitoka kwenye habari ukaingia tamthilia jiandae kubadilika. Habari unakimbizana na saa, tamthilia unakimbizana na vitu vidogo. Shoti ya kwanza glasi ya chai imejaa, ya pili iko nusu, ya tatu imejaa tena. Kanga ya mama mkwe imebadilika rangi kati ya swali na jibu. Kuna episodi niliwahi kukaa siku nzima natafuta shoti ambayo muigizaji ana hereni zote mbili. Hapo soma skripti yote kabla, na mtafute yule dada au kaka anayeandika ripoti ya kila shoti siku ya kushuti, mnunulie soda, ndo mtu wako wa muhimu kuliko hata dairekta. Na kwenye tamthilia usikate kwenda kwa kila anayeongea, kaa na anayesikiliza. Mke anaambiwa habari ya mumewe, uso wake ndo stori.

Muziki wa watu usichukue tu. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki, Na. 7 ya 1999, ipo na siku hizi wenye nyimbo wana mameneja. Omba ruhusa kwa maandishi au tumia muziki ulionunuliwa leseni, na leseni itunze kwenye folda la projekti ileile.

Hela na mwili

Mwanzoni utajitolea, utapewa nauli, wakati mwingine hata nauli hamna. Weka kikomo chako mwenyewe, mimi niliweka miezi mitatu, mwezi wa nne nikaenda kwa bosi nikasema shikamoo, naomba tuongee. Ukiogopa utajitolea mpaka uote mvi.

Ukifanya kazi za nje, chukua TIN, andika makubaliano hata ya ukurasa mmoja: urefu wa kazi, tarehe, bei, nusu ya hela kabla hujaanza, na marekebisho mara mbili, ya tatu inalipiwa. Hilo la marekebisho ndo linakuokoa, kwasababu mteja asipolipia kubadilisha mawazo hataacha kubadilisha mawazo. Kampuni zikikulipa kwa huduma zitakata asilimia 5 ya kodi ya zuio, dai cheti chake, usikubali tu kuambiwa "tumekata". Rafukati, yaani kopi ya kuonyesha ambayo haijakamilika, itume ikiwa na maandishi makubwa katikati ya skrini. Fainali safi inatoka hela ikishaingia, na hii fanya hata kwa shemeji.

Mwili nao. Kiti kizuri kabla ya kiti cha wageni. Kila saa simama, angalia mbali, dirishani, ukuta wa jirani, popote. Sauti ya hedifoni usiivute juu kila siku, masikio ndo mtaji wenyewe. Zamu ya usiku usiifanye miaka mitatu mfululizo kama mimi, mwanangu alikuwa ananisalimia kama mgeni.

Na ukishakabidhi, usifute. Ekspoti kopi mbili, moja yenye majina na maandishi yote, nyingine safi isiyo na neno lolote kwenye skrini, na sauti zitenganishe, maongezi peke yake, muziki peke yake. Weka projekti nzima kwenye hadidiski mbili zinazokaa nyumba mbili tofauti, subiri miezi mitatu walau. Kuna siku saa tano usiku simu itaita, mtu hata hajasalimia, anauliza ile ya mwezi wa pili unayo bila strapu, yale majina ya chini ya skrini, kuna jina limekosewa na asubuhi inarushwa.